Samaki wa mvuke: chini amelowa, kwenye mfupa mbichi, nifanyeje?

Barua

Shikamoo Shangazi,

Nakuandikia kutoka Iringa mjini. Nyumbani tuko watano: mimi, mume wangu, watoto wawili wa miaka sita na kumi, na mama mkwe. Mama ana presha, na kliniki wamemwambia apunguze chumvi na mafuta. Nikaona niachane na samaki wa kukaanga, niwe napika kwa mvuke, samaki na mboga kwa pamoja.

Njia yangu ni hii. Naweka maji vikombe viwili kwenye sufuria, katikati napindua kikombe cha bati, na juu yake naweka sahani ya bati inayoenea sawasawa na sufuria. Kwenye sahani namlaza sato mzima wa barafu anayetoka Mwanza, au perege wa Mtera nikimpata. Nazungushia karoti, njegere, kabichi na chainizi, nakamulia ndimu, nanyunyiza chumvi, nafunika, nabandika, nahesabu dakika ishirini.

Nikifunua, ubavu wa chini umelowa na kuvurugika, lakini kwenye mfupa nyama bado ya pinki. Chainizi imefifia rangi na kulegea kabisa, ila karoti ngumu. Sahani imejaa maji yenye shombo. Wakati mwingine maji yanakauka na sufuria inaungua. Mama mkwe anakula kwa heshima tu, na watoto wanaulizia samaki wa kukaanga. Nikiweka kidonge cha kiungo cha mchuzi ladha inakuja, lakini naambiwa kina chumvi nyingi.

Nina jiko la gesi la plate mbili na sufuria za kawaida. Nakosea wapi? Na je, kisamvu nacho naweza kukipika kwa mvuke?

Mama wawili, Iringa

Jibu

Marahaba mwanangu, na pole kwa kazi. Umefanya vizuri kueleza hatua kwa hatua, maana kasoro zenyewe zinaonekana humohumo kwenye maelezo yako. Dakika ishirini si chache, na sato ni samaki anayefaa sana kwa mvuke. Kubwa la kurekebisha ni sahani.

Mvuke ndio moto wako hapa. Unapanda kutoka kwenye maji, unamgusa samaki wa baridi, unageuka matone papo hapo, na katika kugeuka huko unamwachia samaki joto lote uliokuwa umelibeba. Ni joto jingi mno, ndiyo maana mvuke ukikupiga mkononi unaunguza vibaya. Lakini lazima umfikie samaki pande zote. Sahani inayoenea sawasawa na sufuria imeziba njia: mvuke unabaki chini, unachemsha bati, bati linapika ubavu uliolalia, na kinachopenya kwenda juu ni kidogo. Ndiyo sababu samaki huyohuyo anavurugika chini na kubaki mbichi kwenye uti.

Tafuta sahani ndogo kuliko sufuria, ili kuzunguka ukingo wote ibaki nafasi ya vidole viwili hivi. Kwa sufuria yenye upana wa sentimita 30, sahani ya sentimita 24 inafaa. Isiwe ya plastiki, na zile sahani nyepesi za melamini zisiingie kwenye kazi hii hata kama zinaonekana ngumu, kwa sababu zikikutana na joto kali pamoja na kitu kichachu kama ndimu huachia kemikali kwenye chakula. Bati, chuma cha pua au udongo ni salama. Ukiwa na chujio la chuma lenye miguu linaloingia ndani ya sufuria, hilo ni zuri zaidi kwa mboga. Kwa samaki bado napendelea sahani, maana nyama yake ikiiva inakatika na kuangukia majini.

Kile kikombe kilichopinduliwa kiondoe. Kinafungia hewa ndani. Hewa ikipata joto inatanuka, kikombe kinaanza kuchezacheza na sahani inaelemea upande. Badala yake weka bakuli dogo la bati lililosimama wima na kujazwa maji, au kopo safi la bati lililokatwa pande zote mbili, lenye urefu wa sentimita 7. Maji yafike kina cha sentimita 3 hadi 4, na kutoka usawa wa maji hadi chini ya sahani zibaki sentimita 3 au zaidi. Yakichemka kwa nguvu hayataruka kumlowesha samaki.

Vikombe viwili vya maji ni vichache kwa sufuria pana. Weka lita mbili. Halafu tumbukiza sarafu moja iliyosuguliwa vizuri: maji yanapochemka itakuwa inagonga chini ya sufuria, nawe utaisikia hata ukiwa unasonga ugali pembeni. Ikinyamaza, ama moto umepungua ama maji yanakaribia kwisha. Kuongeza, tumia maji ya moto kutoka kwenye chupa ya chai, uyamimine pembeni ya sahani. Ukiongeza ya baridi mvuke unakatika, na hesabu yako yote ya dakika inavurugika.

Kuna jambo dogo watu wengi hawalitilii maanani: mfuniko. Mvuke unagonga mfuniko, unakuwa maji, unadondokea samaki. Sehemu ya maji uliyoyakuta kwenye sahani yametoka huko juu. Funga kitambaa safi cha pamba upande wa ndani wa mfuniko, kisha ncha zake uzikunje na kuzifunga juu kwenye kishikio ili zisiguse moto wa gesi. Unapofunua, inua kwanza ukingo ulio mbali na uso wako.

Tuje kwa samaki mwenyewe. Sato wa barafu akiingia sufuriani huku uti wake bado umeganda, utapata hicho unachokilalamikia hata kwa sahani nzuri kiasi gani. Barafu iliyo ndani inanyonya joto, nyama ya nje inaendelea kuiva mpaka inakauka, na maji ya barafu yanatoka na shombo lake. Samaki wa gramu 500 mtoe usiku uliotangulia, umweke sehemu ya chini ya friji ndani ya bakuli. Kama hakuna friji au muda umebana, mtie kwenye mfuko usiopitisha maji, umzamishe kwenye maji ya baridi, ubadilishe maji kila nusu saa. Saa moja hadi saa moja na nusu inatosha. Usimwache mezani kutwa nzima. Kabla ya kumpika ingiza kidole tumboni upapase chini ya uti. Ukisikia chembe za barafu, bado.

Usafi wa samaki wa mvuke unazidi ule wa samaki wa kukaanga, kwa sababu mafuta ya moto na viungo vinafunika mengi, mvuke haufuniki kitu. Paa magamba, toa mashavu yote, kisha angalia tumboni. Sato ana utando mweusi uliobandika kwenye kuta za tumbo, uchune. Chini ya uti kuna mstari wa damu iliyoganda. Uchane kwa ncha ya kisu, uukwangue kwa kijiko chini ya maji yanayotiririka mpaka mfupa uonekane mweupe. Shombo jingi linaanzia hapo. Baada ya kuosha mkaushe kwa kitambaa, nje na ndani.

Ndimu inafaa, lakini kwa muda mfupi. Harufu ya samaki aliyekaa inatokana na kemikali ambayo uchachu huinyamazisha, kwa hiyo msugue kwa nusu ndimu, mwache dakika tano hadi kumi, mwaga maji yake, mkaushe tena. Akikaa nusu saa na zaidi, uchachu unaanza kuigandisha nyama ya juu: inakuwa nyeupe kama imeiva kumbe bado, na ikipikwa inakuwa kavu. Wala usidhani ndimu inaua vijidudu vyote. Hiyo ni kazi ya joto.

Perege wa bwawani ana shida yake nyingine, ile ladha ya tope. Inasababishwa na jeosmini, kitu kinachotengenezwa na viumbe wadogo wa majini na kujificha kwenye mafuta ya samaki, hasa chini ya ngozi na kwenye ule mstari wa nyama nyeusi ubavuni. Kwa perege wa namna hiyo loweka dakika kumi na tano kwenye maji ya ukwaju, na anayehisi ladha hiyo sana aondolewe ngozi na mstari mweusi anapopakuliwa. Kama kila mara unampata mwenye tope, mkaange yeye, mvuke umwachie sato.

Mpige mikato mitatu kila ubavu, karibu kugusa mfupa, ya kwanza ikiwa nyuma tu ya kichwa ambako nyama ni nene. Sato wa gramu 500 hataenea kwenye sahani ya sentimita 24, basi mkate katikati, kichwa huku na mkia huku, vipande vilale sambamba bila kupandana. Chini yake tandika fito za karoti au mabua ya majani ya vitunguu, unene wa sentimita moja. Wapishi wa Guangdong, kusini mwa China, ambao samaki wa mvuke ni chakula chao cha heshima, humwinua hivyo ili mvuke upite chini yake na asilale kwenye maji anayoyatoa. Na maji hayo huyamwaga, hawayafanyi mchuzi. Nawe yamwage; ndimo shombo lilimo. Ukiwa na jani la mgomba unaweza kulitandika kwanza kwenye sahani, baada ya kulibabua juu ya moto ili lisipasuke; linatoa harufu nzuri. Lisizidi ukubwa wa sahani tu, tusije tukaziba njia ya mvuke kwa mara nyingine.

Sasa muda. Maji yawe yanachemka kwa nguvu ndipo samaki aingie, na hesabu ianze mfuniko ukishafungwa. Ulipokuwa ukibandika maji ya baridi na samaki tayari yuko ndani, sehemu ya zile dakika ishirini ilikuwa ya kungoja maji yachemke, na samaki alikuwa akikaa kwenye uvuguvugu bila kuiva. Pwani, kipimo cha kawaida ni dakika nane hadi kumi kwa kila sentimita 2.5 za unene, ukipima sehemu nene kuliko zote. Iringa iko zaidi ya mita 1,500 juu ya usawa wa bahari, na huko maji huchemka kwenye nyuzi 95 hivi badala ya 100. Kwa samaki tofauti ni ndogo, kwani nyama yake inahitaji kufika nyuzi 63 tu ndani. Ongeza dakika moja au mbili. Vipande vya sato wa gramu 500, vyenye unene wa sentimita 3.5, vipe dakika 13 hadi 14. Minofu ya sangara yenye unene wa sentimita 2, dakika nane.

Saa inakadiria tu. Hakikisha kwa kisu. Chomeka ncha nyuma ya kichwa mpaka kwenye uti, uisukume nyama kidogo. Mbichi inang'aa kama kioo na imeng'ang'ania mfupa. Iliyoiva ni nyeupe tupu, inaachana na mfupa kwa kuvutwa kidogo na inajitenga kwa vipande vipana. Ukiona inakatika nyuzinyuzi na majimaji meupe yameganda pembeni, umepitiliza. Ikibaki chembe ya pinki kwenye mfupa tu, zima moto, funika tena dakika mbili. Joto lililomo litamalizia.

Mboga ndizo zinazoteseka zaidi na huo mwinuko. Karoti na viazi hulainika pale gundi inayoshikanisha chembe zake inapoyeyuka, na kazi hiyo huanza kwenda vizuri joto likipita nyuzi 85. Kwenye 95 inaenda polepole kuliko kwenye 100, kwa hiyo muda unaousoma kwenye mapishi ya watu wa Dar es Salaam uongeze robo hadi theluthi. Karoti za duara zenye unene wa nusu sentimita zipe dakika kumi kamili. Boga la vipande vya sentimita 2.5 linataka kama kumi na nne, viazi vitamu vya unene wa sentimita 2 dakika ishirini. Njegere mbichi na maharage machanga ni saba au nane, kabichi iliyokatwa nene sita, bamia nzima tano. Chainizi na mchicha havihitaji zaidi ya dakika tatu hata huko kwenu.

Ukilinganisha chainizi ya dakika tatu na karoti ya dakika kumi, unaona kwa nini haziwezi kuingia pamoja zikatoka pamoja. Wewe mwenye plate mbili una bahati. Sato wawili wa gramu 500 wanawatosha watano, kila mmoja sufuria yake. Anza na sufuria ya kwanza: karoti ziingie kwenye chujio maji yakichemka, baada ya dakika mbili tatu ongeza njegere. Huku sufuria ya pili inachemsha maji. Karoti zikifika dakika kumi zitoe, zifunike kwenye bakuli, na samaki waingie sufuria zote mbili. Dakika 13 au 14 baadaye samaki wanatoka, unamwaga maji ya sahani, unawafunika. Wakati wanatulia, chainizi inaingia sufuria ya kwanza kwa dakika tatu. Jumla haifiki nusu saa tangu maji yalipochemka. Ugali usonge kabla, uhifadhi kwenye hotipoti.

Rangi ya chainizi kufa ina sababu mbili, muda mrefu na ndimu. Majani ya kijani yakikutana na uchachu kwenye joto hugeuka rangi ya zeituni, na majani yenyewe yana uchachu kidogo unaofungiwa ndani ya sufuria. Ndiyo maana yapikwe haraka, na ndimu ije mezani. Usiweke magadi ili kulinda ukijani. Rangi itabaki kweli, lakini majani yanateleza na vitamini C inaharibika. Mvuke unasifiwa kwa sababu vitamini hiyo, pamoja na folati, huyeyukia kwenye maji ya kuchemshia tunayoyamwaga. Hakuna haja ya kuokoa mkono mmoja na kupoteza mwingine.

Na mafuta usiyafute kabisa. Ile rangi ya manjano ya karoti na boga, ambayo imo pia kwenye majani, ndiyo mwili unayoitumia kutengeneza vitamini A, na haifyonzwi vizuri pasipo mafuta kidogo. Kijiko kimoja cha chakula cha mafuta ya alizeti kwa watu watano, au vipande vya parachichi pembeni ya sahani, vinatosha.

Sasa ladha, ambayo naona ndiyo inayokuumiza kuliko yote. Samaki wa mvuke anakolezwa akishaiva. Viungo ulivyoweka mwanzo vilioshwa na mvuke vikaishia kwenye yale maji ya shombo. Tengeneza kiungo pembeni hivi. Loweka ukwaju wa ukubwa wa yai la kuku kwenye nusu kikombe cha maji ya moto, ukamue, uchuje. Zikune nyanya mbili zilizoiva sana, uzipike na huo ukwaju kwenye kisufuria kwa dakika tano mpaka ziwe nzito. Ongeza pilipili ya kusaga kwa anayependa, na karoti ndogo ya kukuna kama ukwaju ni mkali, ipunguze uchachu bila sukari. Pembeni kata tangawizi ya ukubwa wa kidole gumba iwe nyuzi nyembamba, kitunguu saumu punje tatu, na majani ya vitunguu. Samaki akishapakuliwa na maji yake kumwagwa, mtandazie tangawizi, saumu na majani ya vitunguu yakiwa mabichi. Pasha kile kijiko kimoja cha mafuta mpaka kianze kutoa moshi mwembamba, ukimwagie juu taratibu. Utasikia yanalia, na harufu itafika sebuleni. Hapo ndipo tangawizi inapoiva na kuacha ukali. Malizia na rojo la ukwaju, giligilani, na tone la ndimu.

Chumvi ije mwisho kabisa, nusu kijiko cha chai kwa sahani nzima ya watu watano, ambayo ni kama gramu 3. Ukiinyunyiza juu ya samaki aliyeiva ulimi unakutana nayo moja kwa moja, kwa hiyo kidogo kinasikika kama nyingi. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asifikishe gramu 5 kwa siku, yaani pungufu kidogo ya kijiko cha chai, na hapo pamehesabiwa mkate, maandazi na kila kitu. Ulichoambiwa kuhusu kidonge cha mchuzi ni kweli: karibu nusu ya uzito wake, mara nyingine zaidi, ni chumvi. Sosi ya soya nayo ichunge, kijiko kimoja cha chakula kina zaidi ya gramu 2. Na ukiona dukani chumvi mbadala iliyoandikwa kuwa ina potasiamu, usimpe mama kabla hamjamuuliza daktari wake, kwani kwa mwenye shida ya figo au anayetumia baadhi ya dawa za presha potasiamu inaweza kupanda hadi kiwango cha hatari.

Kwa mama aliyezoea samaki mkavu wa kukaanga, mabadiliko ya ghafla ni magumu, na si haki kumlazimisha ulaini asioupenda. Mpikie kipande chake kwa mvuke kasoro dakika mbili, kikaushe vizuri ngozi, kisha kilaze upande wa ngozi kwenye kikaango cha moto kilichopakwa kijiko kimoja cha chai cha mafuta. Usikiguse kwa dakika mbili. Ngozi itakauka na kupata rangi, na mafuta yatakuwa sehemu ndogo sana ya yale ya kukaangia. Kipande kikiwa na maji kitaganda kwenye kikaango na kuchunika, ndiyo maana nasisitiza kukikausha.

Mtoto wa miaka sita mpe nyama ya mgongoni, juu ya ule mstari wa ubavuni. Miiba ya mbavu iko upande wa tumbo. Hata hivyo papasa kwa vidole kabla ya kumwekea.

Ukitaka kubadilisha samaki, chagua wenye nyama nyeupe: sangara, changu au chewa wakifika huko wakiwa kwenye barafu nzuri. Jodari hukauka upesi kwenye mvuke. Na kwa jodari, nguru na vibua kuna tahadhari moja kubwa: wakikaa kwenye joto baada ya kuvuliwa hujenga kemikali iitwayo histamini, na ikishajengeka haiondolewi na mvuke wala mafuta ya kukaangia. Mtu anakula, uso unawasha na kuwa mwekundu, kichwa kinauma. Kama hujui samaki hao wamesafiri vipi, waache.

Kisamvu, hapana mwanangu, usikipike kwa mvuke. Majani ya muhogo yana viini vinavyotoa sumu ya sianidi. Kukitwanga kunapasua majani ili viini hivyo vivunjike, na kukichemsha kwa maji mengi bila mfuniko kunaiacha sumu itoke na mvuke iende zake. Ukiweka majani mazima kwenye chujio na kufunika, hupati hata moja kati ya hayo mawili. Kitwange mpaka kilainike kabisa, kichemshe wazi kwa muda mrefu kama ilivyo desturi, ndipo ukitie karanga. Mkitaka majani ya kienyeji kwa mvuke, chukueni majani ya maboga machanga: menya nyuzi za mabua, kata vipande vya upana wa vidole viwili, dakika sita huko Iringa zinatosha.